Fahali wa Baba kwenye Ukuta wa Bucha

Jumapili, tarehe 14 Machi 1965. Asubuhi jua lilikuwa kali, lakini baada ya saa nane mbingu ilikuwa nyeusi upande wa msitu na mvua ya mawe ikaanguka juu ya mabati kama mtu anayemwaga mahindi makavu. Mke wangu alikimbia kuingiza nguo. Mimi niliketi kuandika, kwa sababu hakuna mtu anayepaka rangi kwenye mvua, na pia kwa sababu sikutaka kuonekana nje. Wiki hii Kakamega nzima imenicheka, na nikipima vizuri naona walikuwa na haki.

Nieleze kwanza kazi yangu. Naandika mabango ya maduka. Nilisoma mpaka darasa la sita, nikaenda Nairobi, nikafagia karakana ya fundi mmoja wa mabango mpaka akachoka kuniona na ufagio akanipa brashi. Nilirudi hapa mwaka wa Uhuru nikiwa na kofia iliyolalia upande mmoja na neno jipya: msanii. Watu hawakulikataa neno hilo. Walilisikiliza vizuri, halafu wakaniita fundi wa rangi.

Kazi ilikuwa nyingi, maana kila duka lilitaka jina jipya. Niliandika Hoteli Uhuru, Kinyozi Uhuru, Fundi Cherehani Uhuru. Muuza majeneza mmoja naye alitaka Uhuru, nikamwomba afikirie tena. Kuandika herufi najua. Kuchora vitu, hapo sina hakika. Baa moja karibu na soko waliniagiza ngao na mikuki miwili kama ile ya bendera. Nilichora kwa moyo wote. Kwa muda mrefu wageni waliingia mle wakiulizia njugu.

Basi mwezi uliopita aliniita mwenye bucha iliyo kwenye barabara ya Mumias. Ni mtu mkubwa, mpole, anayekata nyama polepole kama anayeiomba msamaha.

"Fundi, nataka ng'ombe hapa ukutani," akasema. "Mnono. Mtu akipita asikie njaa."

"Nitakuchorea fahali."

"Dume, jike, mimi sijali. Nyama tu."

"Lakini mimi sichori ng'ombe wa kalenda," nikamwambia. "Mimi ni msanii. Nachora kutoka kwenye kumbukumbu."

Akanitazama, kisu kimesimama hewani. "Hiyo kumbukumbu inanenepa?"

"Inanenepa kila mwaka," nikajibu, nikidhani nimesema jambo la busara.

Kumbukumbu yenyewe ilikuwa hii. Baba yangu alifariki nikiwa bado nabebwa mgongoni. Picha yake haipo. Sura yake siijui, sauti yake siijui. Nilibaki na kitu kimoja tu: fahali mweusi, paji jeupe kama maziwa yaliyomwagika mpaka puani, pembe ya kushoto imeinama chini, shingoni amevikwa majani mabichi. Vumbi linapaa, watu wanaimba, na mimi niko juu mahali fulani, natazama. Maisha yangu yote nilijua kwamba yule alikuwa fahali wa baba. Sikumbuki nani aliniambia. Sasa naona kwamba hapo ndipo ningeanza kujiuliza.

Nairobi ndiko alikonenepa. Chumbani kwetu tulikuwa vijana kutoka kila upande, na jioni za Jumamosi kila mmoja alitoa sifa za kwao. Wa Pwani alitoa minazi, wa Nyeri alitoa mlima. Mimi nilitoa fahali. Kila nilipomtoa alikuwa ameongezeka kidogo. Mwaka wa kwanza alishinda ndume wa jirani. Nilipoondoka Nairobi alikuwa amefukuza ndume wa Ikolomani yote na afisa mmoja wa kizungu. Mji ule unamuuliza mtu kila siku yeye ni nani, na mimi nilikuwa na jibu lenye pembe.

Kwa hiyo nilimchora. Nilimpa ukuta wote wa upande wa barabara. Nilipomaliza nilivuka, nikasimama ng'ambo, na nasema kwa haya kidogo, nilihisi baba amekuja mjini. Niliwaleta watoto wangu. "Huyo ni wa babu yenu," nikawaambia. Mdogo aliuliza kama babu ndiye yule mwenye pembe.

Kwa asiyetoka kwetu, lazima nieleze. Upande wa Malinya ndume wa namna hii si wa kulima wala wa kuvuta mkokoteni. Jumamosi asubuhi na mapema wawili huletwa uwanjani, ngoma za isukuti mbele, wakagongana pembe mpaka mmoja akimbie. Mwenye ndume aliyeshinda hutembea wiki nzima kama chifu. Ndume kama huyo ana jina, ana nyimbo, ana maadui. Hauzwi kwa ratili. Haya yote nayajua tangu utoto, maana mimi ni wa hukohuko, ingawa mapigano yenyewe nimeyatazama kwa mbali, mara nyingi nikiwa juu ya mti. Nilikuwa nikisema kwamba msanii huona vizuri zaidi akiwa mbali.

Pamoja na kuyajua yote hayo, sikufikiri hata mara moja kwamba ndume amevikwa majani, kwenye ukuta wa bucha, ni jambo la ajabu. Mke wangu anasema alifikiri. Namwamini.

Jumatatu asubuhi nilikuwa ng'ambo ya barabara nikinywa chai na kujisifu kimoyomoyo, nikasikia isukuti. Nikadhani ni harusi. Lilikuwa kundi la wanaume kutoka Malinya, na mbele yao mzee mwenye koti kuukuu la jeshi. Walisimama mbele ya bucha. Ngoma zikanyamaza.

"Nani amechora hii?"

Mwenye bucha alininyooshea kisu. Sidhani alikuwa na nia mbaya. Kisu kilikuwa tayari mkononi.

Mzee akavuka. "Wewe ndiye fundi?"

"Mimi ndiye msanii."

"Msanii, toa ng'ombe yangu kwa buchari."

"Mzee, hii si ng'ombe yako. Hii ni ya marehemu baba yangu."

"Baba yako nani?"

Nikamtajia. Mzee akawageukia wenzake. "Si yule alichimbanga dhahabu?"

"Yule alikuwa na ng'ombe?" mmoja akauliza.

"Labda aliichimba hukohuko," akasema mwingine kutoka nyuma, na hata mwenye chai akacheka.

Mzee peke yake hakucheka. "Sikiliza, kijana. Jumamosi ndume yangu inapigana na ya Shinyalu. Watu wa Shinyalu wamepita hapa na wameona. Unajua wanaimba nini sasa? Ati Malinya wamepeleka yao kwa kisu, imebaki kupimwa tu kwa mizani! Ng'ombe inasikia maneno kama hayo. Itapigana na roho gani?"

Mwenye bucha alikuwa amevuka pia, aproni na damu yake. "Mzee wangu, mimi nilitaka nyama tu, huyu ndiye aliniletea kumbukumbu. Lakini tangu picha iwekwe, watu wanasimama. Mtu akisimama ananunua. Nikiitoa, niwaonyeshe nini? Uso wangu?"

Nimeyafikiria maneno ya hao wawili siku zote hizi, na kila mmoja naona alikuwa na haki yake. Asiye na haki nilikuwa mimi, lakini sikujua bado. Nilisema, tena kwa sauti, kwamba sitafuta. Nilisema baba yangu hana picha, hana kaburi la saruji, hana kitu duniani isipokuwa yule fahali, na nikimfuta nitakuwa nimemzika mara ya pili. Nilijiona nimesema vizuri sana. Halafu mama mmoja akamgusa mwenye bucha begani akamwomba ratili moja ya maini, na kila mtu akarudi kwenye mambo yake.

Tukapatana hivi: nisifute, ila nibadilishe rangi, ili fahali asifanane na wa mtu yeyote. Mzee alikubali shingo upande. Jioni hiyo nilimpaka kahawia tangu kwato mpaka masikio, huku nikimwomba baba radhi. Jumanne alikuja bwana mmoja mpole kutoka Shinyalu kwa baiskeli, akavua kofia, akatazama sana.

"Nashukuru kwa kuchora ndume yangu," akasema. "Hata nundu umeipata. Lakini kwa nini kwa buchari?"

Jumatano nikamrudisha mweusi.

"Baba watoto," mke wangu akaniambia, "si uchore punda? Hakuna mtu atakuja kudai punda."

"Bucha ya punda?"

"Basi chora wewe mwenyewe. Nani atakudai?"

Alhamisi alikuja mama yangu. Habari zilikuwa zimemfikia nyumbani zikiwa zimegeuka njiani: aliambiwa mwanawe amechinja ndume wa majirani. Alitembea tangu alfajiri akiwa na kuku kwenye kikapu, nadhani wa kuombea msamaha, na hakupita kwangu. Alikwenda moja kwa moja bucha. Nilimkuta pale. Mzee wa koti alikuwepo pia, kwa maana tangu Jumatatu alikuja kila siku kuangalia fahali amefikia rangi gani, na alikuwa akiketi kwenye benchi la mwenye bucha. Wawili hao walikuwa wameanza kunywa chai pamoja, jambo lililoniudhi kidogo.

Mama alikuwa amesimama mbele ya ukuta, kikapu kichwani. Alisema kwa Kiluhya. Hapa naandika kwa Kiswahili na si kila kitu kimevuka salama.

"Mwanangu, huyu ni nani?"

"Mama, si unamjua? Ni fahali wa baba."

Alishusha kikapu. Akanitazama mimi, akautazama ukuta, akaanza kucheka. Alicheka mpaka mzee akampisha benchi.

"Baba yako! Baba yako aliogopa ng'ombe."

"Aliogopa?"

"Akikutana na ndama njiani alipanda ukingo mpaka ndama apite. Mtu anaingia shimoni chini ya ardhi siku nzima bila wasiwasi, anatoka, anaona ndama, anapanda ukingo! Watoto walikuwa wakimcheka njiani. Yeye hakukasirika. Alisema, 'Chekeni, lakini shikeni huyo ndama.'"

Nilijaribu kubishana. Nasema hivi kwa sababu nataka iandikwe kwamba nilibishana na mke wa mtu juu ya mume wake ambaye mimi sikumjua. "Mama, mimi nilimwona huyu fahali. Nilimwona kwetu, bomani. Majani shingoni, pembe imeinama."

Mama akaacha kucheka. Akatazama tena ukutani, sasa kwa makini, kama mtu anayetafuta mshono kwenye nguo.

"Ulimwona," akasema. "Ni siku ya mazishi."

Kwetu mwanamume akizikwa, majirani huleta ndume zao zimevikwa majani. Huzungushwa bomani kwa mbio na nyimbo, zikichimba udongo kwa pembe, ili kifo kisipate mahali pa kuketi. Nimeziona mara nyingi kwenye misiba ya watu. Haikunijia kamwe kwamba zilikuja pia kwenye wa kwetu.

"Ulikuwa mgongoni kwangu," mama akaendelea. "Uliona wanamshusha ukaanza kupiga kelele, unataka kushuka umfuate. Nikageuka. Nikakwambia, ona ng'ombe, ona ng'ombe. Ukanyamaza. Mpaka wakamaliza kufukia ulikuwa unaangalia ng'ombe tu."

Alilisema hivyo tu, kama mtu anayekueleza chumvi iko wapi.

Mzee wa koti alikuwa amesimama. "Mama, hiyo ndume pembe yake ya kushoto ilikuwa hivi?" Akainamisha mkono.

"Hivyohivyo."

"Ilikuwa ya baba yangu. Hii yangu ni mjukuu wake." Akavua kofia, akaishika kifuani, akiutazama ukuta wa bucha. Halafu akanigeukia, na safari hii hakuwa mkali. "Ng'ombe iliyokuja kulia na watu haiwekwi kwa buchari, fundi."

Aliniita fundi. Sikumrekebisha.

Mwenye bucha aliingia ndani akatoka na ndoo ya chokaa aliyokuwa ameiweka kwa ajili ya choo. Nikapanda ngazi. Mzee aliishika ngazi, aliishika vibaya, lakini aliishika. Nilianza na kwato nikapanda juu. Nilipofika kichwani niliacha jicho bila kukusudia, au labda nilikusudia, sina hakika. Mama akapaza sauti kutoka kwenye benchi: "Usiache jicho! Litatutazama." Nikalifunika.

Nikiwa pale juu nilitafuta huzuni, maana niliona inafaa. Nilikuta aibu kwanza. Chini ya aibu kulikuwa na kitu kama kushusha mzigo. Miaka yote nilimbebea baba ng'ombe mzito hivyo, naye hakumtaka hata kidogo.

Tulipofika nyumbani nilimsimulia mke wangu yote, nikitarajia anihurumie. Aliniacha nimalize.

"Na wewe je?" akasema.

"Mimi je nini?"

"Juzi ng'ombe wa padri walipita barabarani. Ulipitia wapi?"

Nilipitia mtaroni. Nilikuwa na viatu vipya na nilipitia mtaroni, kwenye maji, na nikamwambia wakati ule kwamba nataka kuona rangi ya tope.

Mama aliweka kikombe chini. Akaniangalia kwa muda, miguu, mabega, kofia. "Ee," akasema. "Ni yeye kabisa." Kisha wawili hao wakaanza upya kucheka, na mimi, baada ya kungoja kidogo kwa ajili ya heshima, nikacheka pia. Sura ya baba bado siijui. Lakini namna ya kupanda ukingo naijua, na inaelekea nimekuwa nikiichora kwa miguu siku zote bila kulipwa.

Jana Jumamosi ndume wa mzee alipigana. Sikwenda. Watu wa Malinya wanasema wa Shinyalu alikimbia mpaka kwenye mashamba ya chai. Bwana wa baiskeli, niliyekutana naye sokoni, anasema wake hakukimbia, aliteleza kwenye matope, halafu akaamua kwenda nyumbani. Naandika yote mawili.

Asubuhi hiyohiyo mimi nilikuwa bucha, maana mwenye bucha alikuwa amebaki na ukuta mweupe na hilo halikuwa haki. Alisema asiletewe tena kitu chenye uso. Tukaafikiana juu ya paja la ng'ombe. Nilichora paja zuri, pana chini, jembamba juu, na mfupa unaotokeza kule mwisho. Niliweka hata zile nyuzinyuzi za nyama, mistari myembamba inayopanda. Kabla ya saa sita kijana mmoja aliingia akauliza kama wanauza gitaa au wanatengeneza tu. Kufikia jioni pale palikuwa pameshapata jina: Kwa Gitaa. Mwenye bucha alichukulia vizuri kuliko nilivyostahili. Alisema angalau hakuna mtu wa Shinyalu mwenye gitaa kama lile.

Leo mvua ilipopungua jirani yetu alipita kutoka barabara ya Mumias, amejifunika gunia. Alisimama mlangoni akasema kwamba ukuta wa bucha umelowa, na chokaa ikilowa inapitisha kilicho chini. Pembe zinaonekana. Gitaa lina pembe, moja imeinama, na watu wamejikinga mvua pale kwenye baraza wakitazama. Nikamuuliza kama jicho nalo linaonekana. Akasema hakuangalia jicho. Nilimwambia mke wangu kwamba kesho nitapeleka ndoo nyingine ya chokaa. Nilisema si kwa sauti kubwa sana, na yeye hakunihimiza.

Jioni tulikula yule kuku wa mama, aliyekuwa amefungwa chini ya meza tangu Alhamisi akiwadonoa watoto miguu. Tulimla ingokho, kama tunavyomwita kuku kwetu, na obusuma, yaani ugali, na kunde kidogo zilizobaki za jana. Imondo, lile firigisi ambalo kwetu huwekewa mwenye nyumba, mama alinitilia kwenye sahani mwenyewe, akaendelea kugawa mchuzi. Lilikuwa gumu. Nililitafuna polepole mpaka mvua ikaisha.